Mgomba wa Mama Mara Mia Tatu

Kasulu, 4 Machi 2023

Dada Pelagia,

Shikamoo. Natumaini wewe na watoto hamjambo huko Busunzu. Naandika barua kwa kuwa simu zangu hupokei tangu tumzike mama.

Nataka chipukizi moja la mgomba wake. Hapa kitaluni tunakata kiini cha chipukizi vipande vidogo, tunavilea kwenye chupa, na kila kipande kinakuwa mgomba uleule, bila mbegu. Moja linatoa miche mia tatu ya kuwauzia wakulima wa Muyama, haitofautiani hata kidogo. Au na hilo utaninyima, kama ulivyoninyima shamba?

Mdogo wako,
Tharsisi

Busunzu, 19 Machi 2023

Tharsisi,

Marahaba. Sisi wazima. Mama alipougua hukuuliza hali, leo unauliza.

Vitovu vyetu, changu na chako, vimezikwa chini ya mgomba ule. Ikiwa mia tatu, wa mama utakuwa upi? Na watu wa Muyama wakipanda, watakuwa wamepanda nini chetu? Basi, usije ukasema nina roho mbaya. Chipukizi nimempa dereva wa basi. Usiniombe kitu tena.

Dada yako

Kasulu, 2 Februari 2024

Dada,

Shikamoo. Mwili mzima, hasira ndiyo inanimaliza.

Miche yote mia tatu imedumaa, majani yamesongamana juu kama ufagio. Haitazaa. Ukinakili mti, unanakili na ugonjwa wake. Sikuupima, niliamini mti wa mama hauwezi kuwa na ubaya. Sasa wakulima wa Muyama wananitukana njiani. Wewe ulijua mgomba unaumwa, ukanipa.

Nimemwandikia bwana shamba wenu aung'oe mgomba wa mama na kuuchoma kabla haujaambukiza kijiji.

Mdogo wako,
Tharsisi

Busunzu, 14 Februari 2024

Tharsisi,

Salamu nakuletea kwa sababu mama alitufundisha, si kwa kupenda.

Barua yako imefika jana. Bwana shamba alifika Ijumaa, mimi nikiwa kliniki Kibondo. Nimerudi nikakuta shimo na majivu. Majirani wanasema hakupima chochote, alisema ndugu mwenyewe amethibitisha.

Mgomba wa mama sikukupa. Lile chipukizi nililinunua kwa Mpawenimana, mchuuzi anayeyaleta kutoka Manyovu. Nilitaka ujisifu kwa mti wa watu, nami nikucheke. Wa mama ulikuwa mzima, na mkungu juu.

Nimechimba pande zote kutafuta hata kichipukizi. Hakuna.

Nilikudanganya, na hilo nitamjibu Mungu. Wewe usikanyage hapa. Hakuna tena kitu cha mama cha kugombania.

Pelagia