Ujumbe wa Cholpon kwenye Televisheni

Begimai mwanangu,

Supu ya kondoo iko jikoni, ipashe moto. Bibi yako ameshakunywa dawa, akikwambia bado usimsikilize.

Asubuhi uliiunganisha simu yako na televisheni tuone picha za mtoto wa kaka yako, kisha ukaenda kuchemsha chai ukaiacha imeunganishwa vilevile. Ukaingia ujumbe wa rafiki yako Cholpon, herufi kubwa kama mlango: "Umeshamwambia mama yako kwamba umepata kazi mjini Bishkek?" Bibi akausoma kwa sauti, mara mbili. Nikamwambia ni tangazo.

Cholpon anajua, televisheni inajua, mimi mzazi ndiye wa mwisho.

~~Usiende.~~ Hapo nimekata, usipasome.

Nimekwenda sokoni kukutafutia sanduku la magurudumu. Lile letu zipu imekufa.

Mama