Lupango ya Baba Imerudi Kutoka Banki

Kamina, nyuma ya stesheni
Tarehe 9 mwezi wa sita 2024

Mupendwa mudogo yangu Chrispin,

Jambo sana huko Ndola. Bibi yako Gracia iko muzima? Na mutoto Gloire, ile kikohozi ilimuachia? Sisi huku tuko bazima, ni magoti yangu tu inasumbua kidogo nikitoka kanisani. Muhogo yangu ya mwaka huu inapita ya bajirani bote, na si minyi ninasema, ni bo benyewe.

Ulisikia kama banki ilitaka kuuzisha lupango ya baba yetu, kiwanja na nyumba yake yote. Ni kweli. Sikia yote kutoka kwangu, juu bantu banapenda kutia chumvi.

Unamukumbuka Valérie, bibi ya soda mumoja, askari wa base, ule nilisimamia ubatizo wake? Alikuwa anauzisha samaki ya Mulongo. Alipokopa banki kusudi anunue frigo kubwa, banki ikatafuta mudhamini, muntu wa kulipa kama yeye anashindwa. Nikasimama minyi, nikaweka karatasi ya lupango rehani. Katika parokia yote, nani mwingine angesimama?

Kisha bwana yake akahamishwa Kisangani, na Valérie akashindwa kulipa. Akapatana na banki: bachukue frigo na jenereta, baachilie deni inayobakia. Bakatia sahihi nyumbani kwa Valérie, na minyi nikiwapo. Unajua kwetu shauri ikikwisha, bantu banakula pamoja. Nikachinja jogoo, nikasonga bukari, mukubwa wa banki akala mupaka akalegeza mukaba. Karatasi ya lupango sikuiomba siku ile. Kumuomba mugeni karatasi na tonge iko kinywani, ni haya.

Mwaka ukapita, banki ikatuma muntu na barua: lupango itauzishwa juu ya ile deni iliyobakia. Banki ilisema ilimusamehe Valérie, haikumusamehe mudhamini. Tena ikasema minyi nilikuwapo, nilisikia yote, hata nilibapikia, basi nilikubali kubakia na deni. Jogoo yangu njo ikageuka ushahidi!

Hapo njo utajua juu ya nini nilimusomesha Phébé. Weye unajua binti yangu ni avoka, wakili wa kutetea bantu, lakini haujamuona na kanzu yake nyeusi. Alisimama katika tribinali, mahakama ya huku. Alisema deni ya mudhamini inatembea nyuma ya deni ya mwenye kukopa. Ile ya mbele ikikufa, ya nyuma haina tena miguu. Bantu bote ba tribinali baligeuka kuangalia ni nani alizaa mutoto kama ule. Nikakaa wima.

Zuzi, hakimu wa tribinali, akaniita.

«Mama, ulibapikia juu ya nini?»

«Papa zuzi, kwetu hatupikie jogoo muntu anayebakia kutudai. Huyo tunamupatia maji tu.»

Balicheka, hata polisi wa mulangoni. Mukubwa wa banki akanung'unika ati alikula tu kama mugeni. «Mugeni wa nani, kama shauri ilikuwa haijakwisha?» zuzi akamuuliza. Kisha akaomba aone sahihi yangu ya kukubali kubakia na deni. Haikuwapo.

Tukashinda. Siku za kukata rufaa zimepita, banki haikukata, na karatasi ya lupango iko mukononi mwangu.

Sasa kuna neno moja. Nimemuambia Phébé aandikishe lupango kwa jina lako na lake, jina langu litoke. Nitaishi humu mupaka Mungu aniite, lakini kuiweka rehani sitaweza tena. Ninajijua, Chrispin: muntu akilia mbele yangu, ninasimama. Tuma kopi ya kitambulisho chako.

Tena uharakishe. Valérie alipiga simu kunishukuru, na kabla ya kukata akaniuliza kama naweza kumudhamini kwa duka yake ya Kisangani. Nilimuambia lupango ni ya mudogo yangu wa Ndola, na namba yako nikamupa. Ukatae weye. Lakini ukatae vizuri, ni mutoto yangu wa ubatizo.

Phébé anakusalimia, na ndugu yetu Kasongo wa Luena pia. Musalimie Gracia, umukumbatie Gloire. Mungu alinde mulango yenu, na asikie sala zenu kama alivyosikia yangu.

Ni minyi yaya yako, dada yako mukubwa, ninakupenda sana,
Ngoie, mama ya avoka Phébé