Madam Widad Nyuma ya Wana wa Israeli

MAELEZO YA SHAHIDI

Yamechukuliwa: Kituo cha polisi, Jeddah, Jumatano tarehe 19 Februari 2025, saa nne asubuhi
Jina: Fridah Kagendo Mutwiri
Umri: Miaka 33
Kazi: Mfanyakazi wa nyumbani
Makao: Al-Malqa, Riyadh. Kwao ni Nkubu, Meru, Kenya
Dini: Mkristo
Mkalimani: Bi. Mwanakhamis Vuai

Mimi niliyetajwa hapo juu nasema haya kwa hiari yangu. Nimeelezwa kwamba niko hapa kuhusu kifo cha mwajiri wangu, Dkt. Widad, na kwamba kaka yake, Bwana Nizar, anasema nilimtoroka jangwani nikachukua gari. Gari nilichukua. Kumtoroka, sikumtoroka.

Nimemfanyia kazi Madam Widad tangu mwaka 2021. Mume wake alifariki kabla sijafika na hawakujaliwa mtoto, kwa hiyo nyumbani tulikuwa wawili tu. Alikuwa mtafiti wa chuo kikuu. Alichunguza safari ya Wana wa Israeli jangwani baada ya kutoka Misri: walipita wapi, walikunywa maji wapi, mama mwenye mtoto mgongoni angefika wapi kabla ya kuketi chini. Wenzake walitafuta mlima wa Musa. Yeye alitafuta visima. Aliwahi kuniambia, "Mwenye kiu mlima haumsaidii."

Kila majira ya baridi, isipokuwa mwaka jana alipokwenda peke yake, tulikwenda jangwani, yeye akiendesha, mimi nikipika. Jioni alinisimulia habari za Musa kama alivyofundishwa na baba yake, nami nikamsimulia kama nilivyofundishwa kanisani kwetu Nkubu. Tulikuwa tunalinganisha. Tukifika mahali tambarare alinipa usukani nijifunze kuendesha. Leseni sina, na hilo naomba liandikwe.

Mnamo tarehe 8 Februari tulitoka Riyadh tukalala Jeddah, mtaa wa Al-Rawdah, nyumbani kwa Bwana Nizar. Asubuhi yake, tukipakia vyakula, Bwana Nizar alimwambia dada yake asiende. Alisema, "Tangu urudi mwaka jana hujawa mzima." Madam akamjibu, "Safari hii tu, halas, basi." Tukaondoka. Tulifuata barabara ya pwani kuelekea kaskazini, tukalala njiani, na tarehe 10 tukaacha lami na kuingia kwenye milima ya upande wa Madyan, ndiyo Midiani ya kwenye Biblia. Mchana tulifika kwenye bonde kavu lenye kisima cha zamani. Kisima kilikuwa kimefukiwa, yamebaki mawe yaliyopangwa duara. Simu zetu hazikuwa na mtandao tangu asubuhi.

Madam aliniomba nibebe mtungi wa maji nitembee bondeni kwa mwendo wangu wa kawaida, yeye anifuate kwa gari kwa mbali, aone mwanamke mwenye mzigo anakwenda vipi kwenye mchanga ule. Sikushangaa, maana nilishamfanyia hivyo mara nyingi kwenye safari za nyuma. Ilikuwa kama saa tisa alasiri. Upepo haukuwepo kabisa.

Nilipopita kona ya kwanza nilisikia watu nyuma yangu. Hawakuwa wakiongea. Nilisikia nyayo mchangani, nyingi, za watu waliochoka, na kwato za mbuzi katikati yao. Mtoto alikuwa akikohoa kikohozi kikavu na mama yake akimtuliza kwa sauti ya chini. Nilidhani ni Wabedui wanahamisha mifugo, kwa hiyo nikasogea kando niwapishe. Hawakunipita. Nilipogeuka bonde lilikuwa tupu. Gari la madam lilikuwa limesimama mbali, injini imezimwa.

Nilirudi nikamwambia nafikiri jua limenipiga, maana nimesikia watu. Akaniuliza ni watu gani. Nilipotaja mtoto, alinishika mkono.

"Anakohoa?"

"Ndiyo, madam."

"Na mama yake?"

"Anambembeleza."

Madam akaanza kulia. Katika miaka yote niliyokaa naye sikuwahi kumwona akilia, hata siku ya kumbukumbu ya mume wake. Ndipo akaniambia kwamba mwaka uliopita, akiwa peke yake katika bonde hilohilo, aliwasikia, na hakumwambia mtu kwa sababu wangesema amerukwa na akili. Alisema, "Nilikuleta bila kukuambia ili nijue kama ni mimi tu."

Nilikasirika. Nilimwambia, "Madam, ungeniuliza kwanza." Akasema kama angeniuliza ningesikia alichoniambia yeye. Kisha akaniomba msamaha. Nilimwomba tuondoke saa ileile, akasema kesho. Usiku sikusikia kitu, lakini nililala garini na milango nimeifunga.

Tarehe 11, baada ya chai, madam alivaa koti lake, akachukua chupa ya maji, akanikabidhi ufunguo wa gari. Alisema anataka kutembea nao mpaka kona ya pili. Nilimwambia twende sote. Akasema, "Hapana, wewe umeshanisaidia. Jua likifika utosini kama sijarudi, piga honi. Nisipokuja, nenda ukalete watu." Hayo ndiyo maneno yake kuhusu gari. Hakuna mwingine aliyekuwepo kuyasikia.

Adhuhuri nilipiga honi mpaka masikio yakaniuma. Hakuja. Niliacha gari nikafuata nyayo zake. Baada ya kona ya pili nilikuta viatu vyake, kimoja kimelala ubavu, na kutoka hapo alikwenda miguu mitupu. Viatu hivyo niliviokota, viko hapa kituoni. Hatua zake zilikuwa zimebadilika, zikawa fupi fupi, kama za mtu aliye katikati ya umati anayeogopa kumkanyaga wa mbele. Mahali fulani alisimama, akasogea pembeni kidogo, kisha akaendelea. Lakini nyayo zilikuwa zake peke yake. Mchanga wa kulia na wa kushoto haukuwa na alama yoyote.

Nyayo zilipotea mchanga ulipokwisha na mwamba kuanza. Niliita jina lake. Alinijibu kutoka mbele, karibu, kama mtu aliye chumba cha pili: "Yalla, Fridah. Njoo." Haikuwa sauti ya mtu aliyeumia. Alikuwa akiniita hivyo chakula kikiwa mezani. Mbele yangu kulikuwa na mwamba mtupu.

Miguu yangu ilikwenda hatua kadhaa kabla sijaamua. Halafu nikatambua kwamba kimya cha pale si kimya cha mahali patupu. Nyumba isiyo na mtu huijua ukiingia, na nyumba ambayo watu wameacha kuongea kwa sababu umeingia, huijua pia. Bonde lilikuwa hivyo. Nikageuka nikakimbia.

Niliendesha kwa kufuata alama za magurudumu yetu wenyewe na nikafika lami jua likiwa linashuka. Nilisimamisha lori. Dereva alikuwa Mkenya mwenzangu, Gilbert, naye ndiye aliyepiga simu polisi. Jioni ileile niliwaongoza askari mpaka kwenye mwanzo wa bonde. Mtu anayetoroka harudi.

Tarehe 14 wachunga ngamia walimpata madam ameketi kando ya kisima upande wa pili wa milima, mahali ambapo waokoaji walisema hata gari huhangaika kufika. Aliletwa hospitali hapa Jeddah. Nilimsikia daktari akimwambia Bwana Nizar kwamba mwili haukukosa maji, ila nyayo zilikuwa zimelika na moyo umechoka sana. Daktari alitaka kujua dada huyo huwa anatembea umbali gani. Bwana Nizar akasema dada yake hatembei, ana gari.

Tarehe 16 madam aliniulizia kwa jina, nikaruhusiwa kuingia. Bwana Nizar alikuwa ametoka nje na daktari. Madam alikuwa ametulia. Nilimwambia, "Madam, nisamehe, niliogopa." Akaniuliza kama nimekula. Kisha akasema, "Walisimama kukungoja. Wote. Hata mbuzi."

Nilimfunika miguu vizuri.

Akasema, "Niliwaambia wewe una kwenu, waendelee na safari."

Alifariki kesho yake alasiri. Bwana Nizar hakuyasikia maneno hayo, na sijui kama atayaamini. Simchukii. Amempoteza dada yake na mimi ndiye niliyerudi.

Sina la kuongeza. Hayo ndiyo niliyoyaona na kuyasikia mimi mwenyewe. Nimesomewa kwa Kiswahili, nami nayakubali kuwa yangu.

Sahihi ya shahidi: F. K. Mutwiri

Maandishi ya afisa: Maelezo yamesomwa kwa shahidi kupitia mkalimani, naye ametia sahihi mbele yangu. Dereva wa lori amethibitisha kwa simu sehemu inayomhusu. Bwana Nizar, aliyekuwa akisubiri nje, aliomba asomewe ukurasa wa mwisho, akasomewa. Aliomba asomewe tena. Kisha aliondoa malalamiko yake, akaacha mezani pasipoti ya shahidi aliyokuwa ameizuia, na kuomba shahidi apewe leo.