Kivimbe Kisicho na Haraka

Jumanne. Mvua imenyesha asubuhi, jua likatoka kwa hasira, na sasa Sinza nzima inanuka matope na mitaro. Mimi nipo sebuleni, miguu juu ya stuli, na sina huzuni. Naliandika hilo mapema kwa sababu najua kuna watu wangu wa karibu wameshatoa kanga za msiba kabatini.

Kwa anayefika hapa kwa mara ya kwanza: naitwa Mwanaidi, ni MC wa kicheni pati. Kazi yangu ni kushika maiki, kumfunda bibi harusi mbele ya shangazi zake bila kumuaibisha, na kupiga vigelegele mpaka waliosinzia meza za nyuma waamke. Ni kazi ya pumzi, na pumzi ndiyo iliyonigeuka.

Ilianza na mluzi. Nikilala nasikia kitu kinalia kifuani, kama birika linalokaribia kuchemka. Zahanati wakasema pumu, nikapewa pampu. Nikapuliza miaka, mluzi ukabaki palepale. Baadaye nikakohoa nikaona damu kwenye leso, wakasema kifua kikuu. Makohozi yalipopimwa hayakuonyesha kitu, lakini picha ilikuwa na kivuli, na huku kwetu kivuli cha kifuani kina jina moja tu. Nikameza dawa miezi sita, mkojo ukawa rangi ya chungwa, Mama akanitengea kikombe na sahani. Nilimaliza dozi kama mwanafunzi mtiifu. Kivuli hakikusogea.

Dokta ninayemwona sasa ni mwanamke mfupi asiyependa porojo. Siku ya kwanza aliniwekea kile chombo chao cha kusikilizia mgongoni: kushoto, kulia, kushoto tena, kulia tena. Akasema pumu haichagui upande. Mluzi wangu uko kulia tu, kwa hiyo kuna kitu kimeziba njia. Kipimo cha siti skani kikamuunga mkono: kivimbe cha mviringo, kama punje ya kunde, kimekaa ndani ya mrija wa hewa. Nikaingizwa mpira wenye kamera puani, wakakata kinyama, kikapelekwa maabara.

Majibu hayakuja kwangu.

Yalikwenda kwa mdogo wangu Hamisi, kwa kuwa namba yake ndiyo iliyoandikwa ya ndugu. Nanyi mnajua utaratibu wetu. Ugonjwa mkubwa haambiwi mgonjwa. Anaambiwa ndugu, ndugu anapeleka kwa wakubwa, wakubwa wanakaa kikao, halafu wanaamua mgonjwa aambiwe nini. Mimi niliambiwa kifua kikuu kimerudi kidogo, nipumzike.

Unafikiri nani aliniambia ukweli? Wema wao.

Mama alikuja kutoka Mtoni, nikampikia pilau. Huyu ni mama ambaye tangu nijue kuwasha jiko hajawahi kula pilau langu bila kulitia kasoro. Siku hiyo alikula, akatua kijiko, akasema, "Mashallah, mwanangu. Tamu." Nikaliacha la kwangu kwenye sahani. Kesho yake Flora, jirani yangu ambaye tumenuniana muda mrefu kwa ajili ya kamba ya kuanikia nguo, akabisha hodi na maziwa mgando, akasema kama kuna pahali amenikosea nimsamehe. Halafu simu za kazi zikakauka. Nikapiga mwenyewe kwa mteja wa Kibamba, nikakuta Hamisi amemwambia nimesafiri, na maiki yangu ameshapewa binti mmoja mwenye kucha ndefu asiyejua hata kumtuliza wifi mlevi.

Walikuwa wananizika kwa adabu.

Nililia. Nilifungua bomba la bafuni ili jirani asisikie, nikalia mpaka mluzi ukaanza. Nilimlilia mwanangu aliye chuo, nikalilia na sauti yangu. Kisha hasira ikapanda, na hasira kwangu ni dawa ya kwanza. Asubuhi nilioga, nikapaka wanja, nikaenda hospitali bila kumuaga mtu. Nikakaa mbele ya Dokta nikamwambia, "Mimi ndiye mwenye mapafu. Niambie mimi."

Akaniambia.

Maabara walikuwa wameandika kansa ya mapafu, tena ile ya mbio, inayosambaa kabla hujamaliza kushtuka. Hiyo aghalabu haikatwi. Mtu anawekewa dripu, na familia inaanza kusogeza makochi ukutani. Lakini Dokta hakuridhika. Alisema ile ya mbio haimsubiri mtu, na mimi nimepiga mluzi miaka kadhaa nikiwa nasimama ukumbini kutwa nzima. Tena kile kinyama kilikuwa kidogo mno, na kiliminyika wakati wa kukatwa. Chembe zikiminyika zinafanana, ya mbio na ya polepole, hata jicho zoefu linaweza kukosea. Alitaka kinyama kingine, kikubwa zaidi, kisomwe na mtaalamu wa pili. Alimpigia Hamisi aniambie nirudi.

Hamisi akamjibu kwamba familia imeamua nisisumbuliwe.

Hapo ndipo niliposhika ukingo wa meza. Si kwa sababu ya kansa. Ni kwa sababu kipimo cha kuniambia kama naishi au nakufa kilikuwepo, na watu wanaonipenda walikikataa kwa niaba yangu, wakaenda kuninunulia matunda.

Jumamosi ile nikaenda Mtoni. Nikamkuta Mama anachambua mchele uani. Nikasema shikamoo, akaitika, nikasema najua kila kitu. Alilia sana, nami nikaketi pale kwenye mkeka nikamsubiri amalize. Alipomaliza akasema jambo ambalo kila nyumba ya mtaa ule inaliamini: kansa ikiguswa na kisu inaamka. Akanitajia jirani yake wa zamani, mwanamke mnene mwenye afya, aliyechanwa titi na hakumaliza mwaka. "Weye wamekukata mara moja, yametukuta haya. Wakikukata tena si ndio umalizike kabisa?"

Sikubishana naye. Nimefunda mabinti wengi, najua mtu aliyeogopa hafundishiki kwa makelele. Nilimwambia mimi narudi kukatwa kinyama, na siku ya majibu twende wote, hilo swali la kisu akamuulize Dokta mwenyewe. Akarudia kuchambua mchele.

Nikarudi, wakakata. Kipindi cha kungoja sitaki hata kukiandika.

Leo ndiyo ilikuwa siku ya majibu. Mama alikuja na baibui lake jipya, Hamisi akabaki kwenye korido kwa amri yangu. Dokta hakuzunguka. Alisema wasomaji wawili wamekubaliana. Safari hii walipaka rangi inayoonyesha chembe zinazojigawa. Zingekuwa nyingi, ingekuwa ile ya mbio. Zangu ni chache mno, za kutafuta. Inaitwa kasinoidi, tena katika kundi lake ni ile iliyo pole zaidi. Ni kansa, akasisitiza, tusije tukatoka pale tukasema si kansa. Ila ni kansa isiyo na haraka, ipo pahali pamoja, na tiba yake ni kuiondoa na ile sehemu ya chini ya pafu la kulia.

Nilitaka kupiga kigelegele pale pale. Pumzi haikutosha.

Mama akauliza swali lake la kisu. Nilidhani Dokta atacheka, hakucheka. Alisema kisu hakiamshi kitu. Alisema wengi tunaowaona wakifa baada ya kuchanwa walifika ugonjwa ukiwa umeshatembea, na walichelewa kwa sababu waliogopa kuchanwa. Mama akatazama mikono yake. Nadhani alikuwa anamkumbuka yule jirani, na muda aliokaa na lile vimbe akijifukiza mizizi kwanza.

Lakini Mama ni Mama. Akarudi kwa mlango mwingine.

"Sasa Dokta, kama inakwenda polepole, si tuiache? Mie na presha yangu mbona tunaishi miaka yote."

Na hapa niwe mkweli, kwa sababu blogu hii sikuifungua ili nijipambe. Swali lile lilikuwa langu pia. Tangu niliposikia neno polepole, kuna sauti laini ilikuwa inanibembeleza: iache, malizia msimu wa harusi, mwakani utaona. Ile ya mbio ingenitoa kwenye kiti nikakimbia. Hii ya polepole inakupikia chai, inakwambia kaa.

Dokta alimjibu Mama, lakini alinitazama mimi. "Haikimbii, mama yangu. Ila haijasimama. Leo tunaweza kuitoa yote. Tukiiachia, ipo siku itatuzuia."

Nikasema nitakatwa. Nilisema kabla Mama hajafungua mdomo, kabla hakijaitishwa kikao, kabla Hamisi hajapiga simu kwa yeyote. Niliuliza kuhusu sauti. Dokta alisema pumzi itapungua mwanzoni, kutakuwa na mazoezi, wengi hurudi kazini. Kuhusu vigelegele hakuahidi. Nimeyachukua hayohayo. Afadhali MC wa pumzi fupi kuliko picha iliyowekewa maua.

Hamisi nilimkuta koridoni macho mekundu. Akasema, "Dada, niliogopa nikikwambia utakufa kwa presha." Nampenda huyu mtoto, nimembeba mgongoni. Lakini nilimwambia waziwazi: kuanzia leo majibu yangu nasikia mimi kwanza, wengine baadaye, na wateja wangu awapigie mmoja mmoja awaambie nimerudi kutoka hiyo safari aliyonisafirisha. Bado nina kinyongo naye. Kitaisha, ila si leo.

Tumerudi hapa Sinza, Mama akasema ana njaa. Nimepika pilau, nimesimama jikoni na mluzi wangu wa upande mmoja, nikakaanga vitunguu taratibu. Nikampakulia. Sikukaa, nilisimama mlangoni kama mtu anayengoja majibu ya mtihani.

Alionja. Akatafuna. Akasukuma sahani mbele kidogo.

"Chumvi imezidi. Na vitunguu umeviunguza."

Nimecheka mpaka nikakohoa, nikashika ukuta. Mama akanikazia macho, hana habari kabisa na alichonipa.

"Unacheka nini? Hebu watoe hicho kidude upone, nikufundishe upya, kuanzia kuosha mchele."

Kesho asubuhi narudi hospitali kupangiwa siku. Yeye kalala hapa hapa, kasema nisithubutu kumwacha.