Jina Nililolisikia Njia ya Koboko

Mpendwa baba,

Mwaka wa sabini na saba ulikuwa ukifundisha jiografia pale Arua, nami nilikuwa darasani mwako. Ulitubandikia ramani ya ncha ya kusini ya dunia, ukatuonyesha kilele kimoja cha pwani, juu ya bahari iliyoganda. Kinaitwa Olsen, ulisema, kwa jina la mpishi wa meli aliyekiona mara moja tu, ukungu ulipofunguka.

Kando yake palikuwa na kilele kingine, kirefu zaidi, hakina jina. Ukachukua penseli ukaandika: Rajabu. Mdogo wako, askari, aliyeaga kwa bibi kule Ludara akarudi kambini, asionekane tena. Kambini walisema hawakuwahi kuwa na mtu huyo.

"Sasa iko mahali ameandikwa," ulisema, ukaendelea na somo.

Wiki hiyohiyo wakaja wanaume wawili wenye miwani myeusi. Mmoja aliisogelea ramani.

"Huyu Rajabu iko huku? Mutu anafika namna gani?"

"Hafiki. Ni barafu tupu."

"Basi wewe ulijua namna gani?"

Walikuchukua wewe na ramani. Ulirudi siku ya tisa, adhuhuri, jua likiwaka, ukamwomba mama blanketi. "Walitaka majina ya wenzake Rajabu," ulisema. "Nikawasomea vilele. Wakaandika vyote." Hukulizungumzia tena.

Baba, kuna jambo nilikuficha. Miezi michache baadaye mama alinituma kwa bibi. Kwenye kizuizi, njia ya Koboko, askari alipanda lori letu na karatasi mkononi. "Olsen. Nani anajua Olsen?"

Nilitazama miguu yangu. Mwanamke muuza mihogo, nisiyemjua, akajibu taratibu, "Huyo alipita asubuhi. Iko na mwenzake, mrefu. Walishika njia ya Ludara."

Nilidhani amesema kwa woga tu. Lakini nilipofika, bibi alikuwa anaosha vikombe viwili.

"Rajabu ametoka hapa sasa hivi na mgeni wake," aliniambia. "Walikuwa wanatetemeka. Nimewakokea moto."

Bibi alikuwa haoni vizuri, unajua. Moto, hata hivyo, niliukuta ukiwaka.

Sikukuambia, maana ungemfuata. Tulipokimbilia Sudan, ukiwa mgonjwa, uliniuliza kama nadhani Rajabu yuko hai. Nikasema sijui. Ulifariki na jibu hilo.

Pumzika, baba. Nisamehe.

Binti yako wa kwanza