Mashine ya Dakta Sila na Sindano za Baba Mumo

Alhamisi, 27 Februari

Asubuhi nimeletewa redio mbili, taa moja ya sola, na simu ya mwalimu mmoja iliyoanguka ndani ya ndoo ya maziwa. Simu imekufa. Nimemwambia hivyo akanikasirikia kana kwamba ng'ombe ni wangu.

Saa tano akaja mgeni kibandani. Koti jeupe, viatu vya kung'aa katika vumbi hili letu la Matinyani. Jina lake Dakta Sila. Ana mashine ya kupima magonjwa yote: mtu anashika mpini wa chuma dakika moja, kompyuta inatoa karatasi. Figo, ini, moyo, presha, sukari. Waya wa mpini ulikuwa umekatika. Nikaufungua. Ndani kuna kipande cha chuma cha kuongeza uzito, na waya unaokwenda kwenye kitaa cha kijani. Basi. Chuma chenyewe cha kushika hakijaunganishwa na chochote. Unaweza kukishika mpaka Krismasi, kompyuta haitajua kama kuna mtu.

Nilicheka kimoyomoyo. Nikatia lehemu, kitaa kikawaka, akalipa akaenda. Mteja ni mteja. Fundi hatangazi yaliyo ndani ya vyombo vya watu.

Mume wangu, Baba Mumo, karudi jioni kutoka kazi yake ya mjengo. Nikamdunga sindano yake ya sukari kama kawaida. Mwaka wa sita huu, asubuhi na jioni.

Jumapili, 2 Machi

Nina hasira na sijui nianze na nani.

Baada ya ibada pasta akamsimamisha Dakta Sila mbele. Sila akasema teknolojia yake inaitwa saibatroniki. Alilitamka hilo neno polepole, kama mtu anayefungua zawadi. Saibatroniki imetoka ng'ambo. Saibatroniki inaona kile daktari wa kawaida hawezi kuona. Watu wakaitikia Amina. Amina ya nini? Hata mmoja hakujua anaitikia nini.

Foleni mpaka kwenye geti. Baba Mumo alikuwa wa tatu. Mimi nilikuwa upande wa akina mama, nagawa chai. Nilimwona anashika ule mpini nilioutia lehemu kwa mkono wangu. Nikanyamaza. Nilidhani ni mambo ya kuuza unga wa miti shamba tu. Atanunua kopo, yataisha.

Hakununua kopo. Amekuja na karatasi. Ini limechoka kidogo. Sukari: ya kawaida.

Jioni amekataa sindano.

Jumatatu, 3 Machi

Asubuhi amekataa tena. Nikamchoma kidole kwa nguvu, kipimo chetu cha sukari kikasoma kumi na tatu, karibu mara mbili ya inavyotakiwa. Nikamwonyesha. Akasema hicho kidude chetu ni cha kizamani, kinaona tone moja la damu, hakioni mwili mzima.

Nikamwambia yote. Mpini, chuma, kitaa cha kijani. Akanisikiliza vizuri kabisa, mikono magotini, halafu akasema, "Wewe ni wa elektroniki, Mama Mumo. Hii ni saibatroniki."

Asyi! Kana kwamba mimi ni wa darasa la pili na Sila ni wa chuo kikuu. Huyu mwanamume amekula jasho la elektroniki miaka yote hii. Mtoto wetu Mumo amesomeshwa na elektroniki. Leo neno moja la mgeni limenishusha cheo ndani ya nyumba yangu.

Halafu akauliza kitu ambacho bado kinaniwasha. Kama nilijua tangu Alhamisi, mbona nilimwacha apange foleni huku nikigawa chai?

Nikaosha vyombo ambavyo vilikuwa vimeoshwa.

Jumatano, 5 Machi

Nimelitafuta hilo neno. Nimetumia bando yote ya intaneti.

Ni neno la kuunganisha. Nusu yake ni elektroniki, kazi yangu. Nusu nyingine ni elimu ya vitu vinavyojiongoza: kitu kinapima hali yake, kinalinganisha na inavyotakiwa iwe, kinajirekebisha, kinapima tena. Mzunguko usiokatika. Wengine wanalitumia kwa roboti. Wengine wanalibandika juu ya duka ili lionekane la maana. Neno lenyewe halina kosa.

Sasa niambie. Mwezi uliopita nilimtengenezea Mama Ndinda sanduku la kuangulia vifaranga. Kuna kijiti kinachopima joto. Joto likishuka bulbu inawaka, likipanda inazimika. Mchana kutwa, bila mtu. Hiyo ndiyo saibatroniki. Mayai ya Mama Ndinda yanatunzwa na saibatroniki vizuri kuliko mume wangu, na hakuna aliyeyaitikia Amina.

Na mwili wa mtu una mzunguko wake wa sukari. Wa Baba Mumo ulikatika. Tumeuunga sisi wenyewe: kipimo, sindano, na mimi katikati, nasoma, naamua, napima tena. Nilijaribu kumweleza hivi wakati wa chakula. Akasema nimeanza kuongea kama Dakta Sila, sasa kwa nini namkataa?

Nilitoka nje nikapasua kuni ambazo hatukuzihitaji.

Ijumaa, 7 Machi

Ameficha kipimo. Nimekipata ndani ya gambuti, kiatu chake cha mvua.

Amekunywa mtungi mzima wa maji kabla ya saa sita. Anasema ni jua. Suruali inamlegea. Anasema kazi imezidi.

Nimeenda kwa pasta. Nimemweleza kwa adabu, mikono nyuma. Naye ameshapimwa, na karatasi yake imemwambia moyo wake ni wa kijana. Akasema watu wengi wamepata amani, nisiwaondolee. Nimerudi nikikanyaga chini kama nachimba mashimo.

Jumapili, 9 Machi

Leo nimeharibu. Naandika yote.

Sila alirudi. Akasimama mbele ya kanisa akasema wanaosema mashine haifai wamuulize fundi wao wenyewe, Mama Mumo wa sokoni, ambaye aliifungua kwa mikono yake, akaitengeneza, na hakuona kasoro. Kanisa zima likageuka kuniangalia. Baba Mumo akatabasamu. Alitabasamu kwa fahari, maskini. Ukimya wangu wa Alhamisi ndio ulikuwa cheti cha yule mwizi.

Ikafika mnada wa sadaka, ile desturi yetu ya kuuza mazao na mifugo waliyotoa watu: kuku wawili, mikungu ya ndizi, malenge kubwa moja. Nikalinunua hilo malenge. Hakuna aliyeshindana nami, nadhani waliuona uso wangu. Nikalibeba mpaka kwenye meza ya Sila, nikamwambia aandike jina langu, umri wangu na uzito wangu. Akaandika. Nikachukua mpini nikauegemeza kwenye malenge, nikarudi nyuma hatua tatu, mikono juu watu waione.

Dakika moja. Kitaa cha kijani kikawaka. Karatasi ikatoka. Nikamwomba katibu wa kanisa aisome kwa sauti. Moyo mzuri. Ini limechoka kidogo. Mji wa mimba una joto. Sukari ya kawaida.

Watu wakacheka. Wueh, walicheka mpaka wazee wa benchi la mbele. Hapo ningenyamaza. Hapo tu. Lakini hasira ilikuwa imenipanda, nikaichukua ile karatasi nikasema, "Hii na ya mume wangu ni moja. Mume wangu na malenge wana ini moja."

Kicheko kikaongezeka. Baba Mumo akainuka, akachukua Biblia yake na kofia, akatoka kwa mlango wa kando. Fundi wa mawe aliyejenga ukuta wa kanisa hilo, akatoka kwa mlango wa kando.

Sila akasema mashine ilisoma nishati yangu kwa sababu nililibeba malenge kifuani. Na wako walioitikia kwa vichwa. Wako!

Jumatatu, 10 Machi

Ameenda. Nilipotoka kuchota maji akapaki nguo, akaacha ujumbe kwa jirani: yuko mji wa Salama, kule Makueni, kwa ndugu yake, kuna kazi ya mawe huko.

Kipimo ameacha. Sindano ziko palepale, ndani ya chungu chenye maji ambapo tunaziweka zisipate joto. Karatasi ya Sila amebeba.

Jumanne, 11 Machi

Hashiki simu. Nimempigia shemeji. Nimemweleza kila kitu, siku tisa bila dawa. Akasema nitulie, mwanamume ameaibishwa, hasira itapoa atarudi. Anakula vizuri, anakunywa soda.

Soda!

Nimekaa kibandani sijatengeneza hata waya mmoja. Nimemchukia Sila. Nimemchukia pasta. Nimemchukia Baba Mumo kwa kichwa chake kigumu. Nikifika kwangu mwenyewe naona sina pa kuanzia.

Alhamisi, 13 Machi

Naandika nikiwa kwenye benchi la hospitali, huku Makueni.

Saa mbili asubuhi alinipigia mke wa shemeji. Baba Mumo anatapika tangu jana. Anapumua kama aliyekimbizwa. Mdomo unanuka kama matunda yaliyooza. Hajui leo ni siku gani. Na wao, Mungu wangu, walikuwa wamempigia Dakta Sila kwanza, kwa sababu namba iko chini ya karatasi. Akawaambia hiyo ni sumu inatoka mwilini, wampe maji ya miwa.

Nilipiga kelele mpaka soko likasimama. Nikamwambia hospitali, sasa hivi, asimpe miwa, asingoje mtu. Jirani yao ana pikapu ya kubeba saruji, wakamlaza humo. Mimi nikafunga kibanda, nikatia sindano kwenye chupa ya chai pamoja na maji baridi, nikasafiri nazo magotini. Sindano ambazo hospitali wanazo tele. Sikujua nishike nini kingine.

Kipimo cha hapa kilipompima hakikutoa namba. Kiliandika tu kwamba imepita kiwango kinachoweza kusoma. Nimekiheshimu kile kidude. Kimekiri kisichokijua.

Ijumaa, 14 Machi

Yuko na dripu mbili. Hajaamka vizuri. Daktari, msichana mdogo mwenye macho mekundu ya uchovu, aliuliza nani alimwachisha dawa. Nikatoa ile karatasi mfukoni mwa shati lake. Akaisoma yote. Akasema ana nyingine mbili kwenye droo, za watu wa mji wa Sultan Hamud. Nikamuuliza hao watu wako wadi gani. Akasema mmoja ameenda nyumbani.

Kuhusu wa pili sikumuuliza.

Jumatatu, 17 Machi

Ameamka Jumamosi, lakini leo ndiyo tumeongea. Amekonda, mashavu yameingia ndani. Kitu cha kwanza alichosema ni kwamba nilimfananisha na malenge mbele ya kanisa.

"Kwa hilo nilikosea," nikamwambia. "Kwa mashine sikukosea."

Nikamjibu na lile swali lake, mbona nilimwacha apange foleni. Kwamba nilinyamaza kwa sababu Sila alikuwa mteja, na nilijizoesha kunyamaza mpaka nikamnyamazia na yeye. Nilisema nikiwa na hasira bado, sikuomba msamaha kwa sauti nzuri. Akasema sawa. Nesi akaja kupima, tukaacha.

Alhamisi, 20 Machi

Nimerudi Matinyani siku moja kuangalia kibanda. Nimechukua boksi la televisheni nikaandika kwa wino mweusi: NIMEIFUNGUA MASHINE YA DAKTA SILA. MPINI HAUJAUNGANISHWA NA KITU. NJOO NIKUCHOREE. Nimelitundika mbele ya kibanda.

Kufikia saa nane watu saba wamekuja kuchorewa. Na watatu wamekuja kuchukua redio zao kabla hazijaguswa. Mmoja alisema waziwazi kwamba hapeleki kitu chake kwa fundi anayetoa siri. Nikampa redio yake na betri zake. Nenda nayo.

Sila yuko Sultan Hamud wiki hii, naambiwa. Juzi niliandika malalamiko kwa ofisi ya afya ya kaunti, kurasa tatu, na mchoro. Karani akaniuliza saibatroniki ni nini. Nilimweleza nusu saa. Aliniandikia risiti ya kupokea barua, akasema watapiga simu. Hawajapiga.

Jumapili, 23 Machi

Tumerudi jana. Leo hatukuenda kanisani. Mawingu tangu asubuhi, mvua haijaamua.

Kabla ya chai nikaleta kipimo. Baba Mumo akaniambia nijipime mimi kwanza. Nikajichoma. Tano na kidogo. Akanyoosha kidole chake, nikamchoma. Kumi na moja. Akaviomba vijiti vya kipimo vyote viwili, akaviweka kwenye kiganja, damu yangu na damu yake, akaviangalia muda mrefu.

Akauliza mbona namba zetu hazifanani.

"Kwa sababu ni watu wawili," nikamwambia.

Akaitikia kwa kichwa. Halafu akavuta shati juu, akachukua sindano kutoka mkononi mwangu, akataka nimwonyeshe inashikwa namna gani. Nikamwonyesha. Kwa mkono wake wa kupasua mawe akajidunga tumboni, polepole. Nilikaa kando nikaangalia, sikugusa.