Fidla Zilizomwitikia Mtoro

Kibiti,
3 Machi 1957

Kwa kaka yangu mpenzi Bwanaheri,

Assalaam alaikum. Natumai wewe, wifi na watoto mu wazima huko Dar es Salaam. Sisi hatujambo, ila mavyaa wangu, Bi Johari, goti lamsumbua. Mdomo haujambo kabisa. Mimi bado nimo katika eda ya marehemu Mtoro.

Utakumbuka wale Wajerumani waliokwenda Kiongoroni mwaka juzi kuwapiga picha za senema wakata mikoko, na mume wangu ndiye aliyekuwa akiwaimbisha wenziwe wakibeba boriti. Basi juzi gari la serikali liliileta senema hiyo hapa uwanjani. Mwenye eda haendi senema. Nikabaki ndani nalia, maana sauti ya mume wangu ilikuwa pale uwanjani nami siwezi kuifuata.

Shemeji Dadi akarudi mapema, amenuna. Alisema tumedhulumiwa: kwao Ujerumani wametia muziki wa okestra, fidla na tarumbeta chungu nzima, hata nyimbo zetu hazisikiki. Aliondoka hata kabla ya boriti kubebwa. Nilikasirika, kaka, nikawaapiza wapiga fidla wote kwa jumla.

Asubuhi mavyaa alijikongoja mpaka kwa dereva wa gari, akamwambia kuna mjane ndani hajamsikia mumewe. Dereva alijitetea kuwa anangojwa Utete. Sijui alimwambia nini tena, lakini jioni gari lilisimama nyuma ya ua wetu, nami nikasikiliza chumbani.

Dadi ana haraka. Fidla zilikuwa nyingi kweli, lakini ilipofika zamu ya boriti zilinyamaza zote, Mtoro akaimba peke yake kwa ile sauti yake ya kukwaruza. Kisha zikaingia taratibu, zikamwitikia pale pale wanapoitikia wenziwe. Watu wasioijua hata Rufiji iliko, wakampokea mume wangu kwa adabu namna ile! Nimemwomba Mungu anisamehe kwa kuwaapiza.

Sasa jambo ambalo hata mavyaa nimemwambia jana tu. Nina mimba, kaka. Mbili za kwanza ziliharibika, ndiyo maana hii niliificha. Imeshika, alhamdulillahi, na eda yangu itakwisha nikijifungua.

Ofisi ya senema iko huko kwenu. Nenda ukawaulize itarudi lini Kibiti. Waambie yupo mtu huku hajapata kumsikia baba yake.

Msalimie wifi na uwabusu watoto. Mavyaa akusalimu sana. Ananihimiza nikanywe uji.

Ni mimi mdogo wako,
Mwamvua binti Husseini